Ukurasa wa Afya: Vyakula vya Kiitaliano katika Kabati la Nyumbani



Mwezi uliopita, baada ya Misa ya pili, mama mmoja wa jumuiya yetu ndogo ndogo alinisubiri nje ya kanisa akiwa na kikapu kizito. Vijana wa Kiitaliano waliokuja kujitolea parokiani kwa majuma matatu walikuwa wamekaa nyumbani kwake, na walipoondoka walimwachia katoni nzima ya vyakula vyao. "Nesi," akaniambia, "nimeachiwa mali, lakini sijui ipi ni ya kupika, ipi ni ya kupaka, na ipi nitupe. Watoto wanataka nifungue zote leo hii."

Tuliketi chini ya mti, nikavitoa kimoja kimoja. Mlikuwa na pakiti nne za tambi, makopo ya nyanya, chupa nyeusi ya mafuta, mchele wa punje nene, unga wa njano, maharage makavu, kichupa cha samaki wadogo kama dagaa, vitumba vya kijani vilivyofunikwa kwa chumvi, na kipande cha jibini kigumu kama sabuni ya mche. Chini kabisa ya kikapu nikakuta chupa kubwa ya bilinganya zilizohifadhiwa ndani ya mafuta pamoja na vitunguu saumu. Hiyo haikutoka dukani. Mama wa kijana mmojawapo aliitengeneza nyumbani kwake huko Italia. Mfuniko wake ulikuwa umevimba katikati. Niliiweka pembeni nikamwomba mama asiiguse wala asiifungue. Sababu yake nitaieleza huko mbele, na yeyote mwenye haraka aanze na sehemu hiyo.

Vitu vingi vya kikapu kile nilivifahamu tangu ujana wangu wa kazi. Katika nyanda zetu za juu Wamisionari wa Consolata kutoka Torino walifika Iringa mwaka 1919, na masista wao, ambao shirika lao lilianzishwa mwaka 1910, wamewauguza wagonjwa wetu kwa miaka mingi. Nilipoanza uuguzi, jiko la hospitali lilisimamiwa na sista mmoja mzee mwenye asili ya Veneto, kaskazini mwa Italia. Kabati lake la chakula aliliita dispensa. Sisi wauguzi vijana tulicheka, maana wazee wetu zahanati waliiita dispensari. Kumbe maneno hayo mawili ni ya shina moja, maana yake mahali pa kugawia vitu kwa kipimo. Naye sista aligawa kweli kwa kipimo! Ufunguo wa kabati ulikaa mfukoni mwake.

Yafaa tujue kwanza kwamba kabati la Mwitaliano wa kawaida si kabati la tajiri. Ni la watu waliokuwa na majira ya baridi marefu, wakaweka akiba ya vitu vikavu, vya chumvi na vya chupa ili wafike hadi mavuno. Mkulima wetu anayeweka mahindi, maharage na dagaa wakavu anafanya jambo lile lile.

UNGA WA NJANO

Naanza na huu kwa sababu mama yule aliucheka. "Wazungu nao wanakula ugali?" Ndiyo, wanakula. Wanauita polenta, na kule Veneto, Lombardia na Piemonte umewalisha watu kwa karne nyingi. Ni unga wa mahindi ya njano uliosagwa kwa punje kubwa kidogo. Nusu kilo ya unga huwekwa katika lita mbili za maji yanayochemka, ukikorogwa kwa mwiko wa mti kwa muda wa dakika arobaini hivi. (Upo uliokwisha kupikwa kiwandani, ambao huiva kwa dakika chache tu. Tazama maandishi ya pakiti.)

Lakini unga huu una historia ya huzuni ambayo kila mama wa nchi ya mahindi anapaswa kuijua. Mahindi si mmea wa asili ya Italia, wala si wa asili ya Afrika. Yalitoka Amerika baada ya safari za Kolumbo. Wakulima maskini wa Italia ya kaskazini waliyapenda kwa kuwa yanazaa sana, na kufikia karne ya 18 wengi wao walikuwa wakila polenta asubuhi, mchana na jioni, bila kitoweo. Ngano yao, nyama na maziwa vilikwenda kwa wenye mashamba. Ndipo ukazuka ugonjwa. Kila ilipofika masika yao, jua lilipoanza kuwaka, ngozi ya mikono, miguu na shingo ilikuwa nyekundu, kisha nyeusi yenye magamba, kana kwamba imeungua. Shingoni ilikuwa kama mkufu. Kisha tumbo likaanza kuharisha, na mwishowe akili ikavurugika. Wengi walifungiwa katika nyumba za wagonjwa wa akili, na huko wakafa. Mwaka 1771 daktari Francesco Frapolli wa Milano aliuandika ugonjwa huo kwa jina la watu wenyewe, pelagra, yaani ngozi chachu. Hata mwaka 1902 serikali ya Italia ilibidi itunge sheria maalumu ya kupambana nao.

Kwa muda mrefu madaktari walidhani ni mahindi yaliyooza, au ni ugonjwa wa kuambukiza. Leo twajua. Mwili unahitaji vitamini iitwayo niasini. Katika mahindi niasini imo, lakini imefungwa isiweze kutoka tumboni mwa mtu kwenda katika damu. Watu wa asili wa Meksiko walichemsha mahindi yao kwa chokaa au majivu kabla ya kusaga, na kwa njia hiyo niasini ilifunguka. Mbegu ikasafiri kuvuka bahari, maarifa ya kuipika yakabaki kwao.

Msiseme hayo ni ya zamani na ya Ulaya. Mwaka 1990, katika kambi za wakimbizi wa Msumbiji nchini Malawi, watu zaidi ya 17,000 walipata pelagra. Chakula chao kikuu cha msaada kilikuwa mahindi, na mgawo wa karanga uliokuwa ukiwapatia niasini ulikuwa umekatika. Karanga tu! Nasi katika wodi zetu tunakutana na pelagra mara chache, hasa kwa mtu anayekunywa pombe badala ya kula, na pengine kwa mgonjwa wa kifua kikuu anayetumia dawa ya isoniazidi huku chakula chake ni haba. Ukiona mtu wa nyumbani ana ngozi iliyoungua mahali panapopigwa na jua, pande zote mbili sawasawa, na tena anaharisha, usimpake losheni ukangoja. Mlete. Dawa yake ni vidonge vya niasini na chakula cha mchanganyiko, na hupata nafuu upesi ajabu.

Sista wetu wa Veneto hakupakua polenta peke yake hata siku moja. Sahani isiyo na maharage, samaki, jibini au yai pembeni hakuiruhusu itoke jikoni. Tulidhani ni mbwembwe. Siku moja alitueleza kwamba katika kijiji chao wazee walikuwa bado wanalitaja jina la ugonjwa ule kwa sauti ya chini.

TAMBI, MCHELE NA MAHARAGE

Tambi za kweli za Kiitaliano hutengenezwa kwa ngano ngumu na maji, basi. Tangu mwaka 1967 sheria yao inataka tambi kavu za kuuzwa nchini humo ziwe za ngano ngumu. Ndiyo maana hazirojeki upesi kama zile laini. Mwitaliano hupima gramu 80 za tambi kavu kwa mtu mmoja, si sahani iliyojaa mlima. Huzichemsha katika maji mengi, lita moja kwa kila gramu 100, na huziepua zikiwa bado na ugumu kidogo katikati. Hapo pana faida kwa mwenye kisukari, kwa kuwa tambi isiyopikwa ikalainika mno hupandisha sukari ya damu polepole zaidi. Jambo la pili kwa mwenye kisukari ni kipimo kile kile cha gramu 80, na mboga kwanza.

Zihifadhi katika kopo lenye mfuniko unaobana, maana fukusi hutoboa karatasi na hata nailoni. Mchele wa punje nene ni wa kupikia uji mzito wa chumvi, chakula cha watu wa Piemonte na Lombardia. Ukikosa kuujua upike kama mchele wetu wa kawaida, hakuna dhambi.

Maharage ndiyo utajiri mkubwa wa kabati lile. Waitaliano wana ya madoadoa mekundu, wana meupe, wana dengu na adesi. Yote hayo, au ndugu zake, yanapatikana katika masoko yetu, mara nyingi kwa bei nafuu kuliko ya pakiti. Yaloweke usiku kucha, mwaga maji hayo, kisha yachemshe kwa nguvu angalau dakika kumi za mwanzo kabla ya kupunguza moto. Maharage mekundu yasiyoiva yana sumu ya kutapisha, na moto mdogo peke yake hauiondoi.

Hapa nitoe tahadhari moja fupi. Yako maharage mapana ya Kiitaliano yaitwayo fave. Ni chakula kizuri, ila wapo watu wenye upungufu wa kurithi katika chembe nyekundu za damu, ambao wakiyala damu yao huvunjika. Macho huwa manjano na mkojo huwa kama koka-kola. Huko Sardegna, kisiwa kilichokuwa na malaria nyingi, jambo hili lajulikana sana. Upungufu huo umo pia katika nchi zetu zenye malaria, hasa kwa watoto wa kiume. Mtoto akionyesha dalili hizo baada ya kula fave, awahishwe hospitali siku hiyo hiyo.

Sasa mlo wenyewe. Nusu kilo ya maharage yaliyolowekwa, yapike mpaka yaive. Katika sufuria nyingine kaanga polepole kitunguu maji, karoti na selari zilizokatwa ndogo kwa vijiko vitatu vya mafuta, ongeza punje mbili za kitunguu saumu na kopo moja la nyanya. Mimina maharage pamoja na supu yake. Chukua nusu ya maharage uyaponde kwa mwiko ili supu iwe nzito. Ikichemka, tia gramu 250 za tambi fupi, au ndefu ulizozivunja. Zikiiva, onja ndipo utie chumvi. Wanakula watu wanane. Ngano na maharage vikikutana hukamilishana katika kujenga mwili, kama vile ugali na maharage yetu. Wagonjwa wetu wengi waliotoka katika upasuaji walianza kurudisha nguvu kwa chakula hiki.

MAFUTA YA CHUPA NYEUSI

Mama yule alidhani ni ya kupaka, na si kosa lake. Katika maduka ya dawa huuzwa vichupa vidogo vya mafuta ya zeituni kwa ajili ya ngozi. Hayo si ya kupikia. Ya kupikia yaliyo bora kabisa hukamuliwa bila kemikali, na kiwango chake cha asidi hakizidi asilimia 0.8.

Msomi wa Kimarekani, Ancel Keys, alianza katika miaka ya 1950 kuchunguza kwa nini wakulima wa kusini mwa Italia na wa Ugiriki waliugua moyo kwa nadra kuliko matajiri wa Marekani. Aliona wanakula maharage, mkate, mboga nyingi, matunda, samaki, mafuta ya zeituni, na nyama kwa nadra. Yeye mwenyewe alikwenda kuishi miaka mingi katika kijiji cha Pioppi kusini mwa Napoli, na mwaka 2010 UNESCO iliingiza ulaji huo katika urithi wa binadamu. Lakini angalieni, msinunue chupa ya bei kubwa na kuacha mboga. Wakulima wale walitembea, walilima, na walikula majani ya shambani. Mafuta peke yake hayakuwafanyia muujiza. Wapo wanaokunywa kijiko kila asubuhi kama dawa ya presha huku wameacha vidonge vyao. Hao nawakuta wodini wamepooza upande mmoja. Kijiko kimoja cha mezani cha mafuta yoyote, yawe ya zeituni au ya alizeti, kina nguvu ya kalori 120 hivi. Mtu aliyekwisha kunenepa asijidanganye.

Kwa familia ya kawaida mafuta yetu ya alizeti yanafaa. Ukiwa na ya zeituni, tia kidogo juu ya chakula kilichokwisha kuiva ili ladha yake isipotee. Adui zake ni mwanga, joto na hewa. Usiyaweke juu ya jiko wala dirishani, na chupa ikishafunguliwa itumike, isingoje Pasaka.

NYANYA

Kopo la nyanya ni kitu salama na cha manufaa, maana nyanya iliyopikwa pamoja na mafuta huupa mwili kiini chake chekundu kwa urahisi kuliko nyanya mbichi. Kopo lililovimba, linalovuja au lenye kutu ndani litupwe. Likifunguliwa, kinachobaki kihamishiwe katika bakuli.

Akina mama wengi huuliza kama wanaweza kuweka nyanya zao katika chupa wakati wa mavuno, bei inapoanguka na debe zima kuoza sokoni. Inawezekana, na familia nyingi za Kiitaliano hufanya hivyo kila mwezi wa Agosti. Lakini uchachu wa nyanya hautoshi nyakati zote kuzuia vijidudu, hivyo kila chupa ya lita moja itiwe vijiko viwili vya mezani vya maji ya limau. Nyanya zichemshwe, zimiminwe zikiwa moto katika chupa safi zenye mifuniko mipya, kisha chupa zenyewe zichemshwe zikiwa zimefunikwa kabisa na maji. Huku kwetu milimani maji huchemka kabla ya kufika nyuzi 100, basi hesabu saa nzima tangu yaanze kutokota. Tandika kitambaa chini ya sufuria ili chupa zisigongane.

VITU VYA CHUMVI

Wale samaki wadogo ni ndugu wa dagaa, wamelazwa katika chumvi kwa miezi. Vile vitumba vya kijani ni maua ya mkapari yasiyochanua. Jibini ni ile ya Parma na Reggio Emilia, ambayo hukaa angalau miezi 12 kabla ya kuuzwa, na gurudumu moja la kilo 40 hivi hula lita zaidi ya 500 za maziwa. Ndiyo maana ni ghali. Gramu 100 zake zina kalsiamu zaidi ya miligramu 1,000, na mtu anayesumbuliwa tumbo na maziwa mara nyingi huivumilia, kwa kuwa sukari ya maziwa imekwisha. Huparuzwa kidogo juu ya chakula. Ganda lake usilitupe, litie katika supu ya maharage. Sista wetu aliligombania na paka!

Vitu hivyo vitatu vina chumvi nyingi sana. Kwa hiyo vitumike mahali pa chumvi, wala si juu ya chumvi. Osha samaki na vitumba kwa maji kabla ya kupika. Shirika la Afya Duniani lashauri mtu mzima asizidishe gramu 5 za chumvi kwa siku, yaani kama kijiko kimoja cha chai, tukijumlisha ile iliyo ndani ya mkate na vyakula vya pakiti. Mwenye presha akila vitu hivi leo, chumvi ya mezani ikae mbali.

Na chumvi iwe yenye madini joto. Mabonde ya milima ya Alpi, kule Piemonte na Valle d'Aosta, yalijulikana kwa watu wenye rovu na watoto waliodumaa akili, kama ilivyokuwa katika vijiji vyetu vya nyanda za juu, kwa kuwa mvua huosha iodini kutoka katika udongo wa milimani. Mwaka 2005 Italia ilitunga sheria ya kuyataka maduka yauze chumvi yenye iodini. Iweke katika chombo kilichofunikwa, mbali na mvuke wa sufuria.

Kuhusu jibini laini na mbichi, tahadhari ni nyingine. Ikiwa imetengenezwa kwa maziwa yasiyochemshwa inaweza kuleta homa ya brusela, na mama mjamzito aiepuke kabisa.

CHUPA ILIYOVIMBA

Sasa turudi kwenye ile chupa ya bilinganya. Udongoni mna kijidudu kiitwacho klostridiamu botulinamu. Mbegu zake hushikamana na mboga na vitunguu saumu, na haziui mtu zikiliwa katika chakula kibichi cha kawaida. Hazifi kwa maji ya kuchemka, huhitaji joto la nyuzi 121, ambalo hupatikana kwa mashine ya mvuke wa mgandamizo. Mboga isiyo na uchachu ikizamishwa ndani ya mafuta hukosa hewa. Hapo mbegu huamka, zinaota, na kutoa sumu iliyo miongoni mwa sumu kali kuliko zote zinazojulikana. Italia, nchi ya mboga za mafuta, ni miongoni mwa nchi za Ulaya zenye wagonjwa wengi wa botulismo, na kwa sehemu kubwa chanzo ni chupa za nyumbani. Hata mikahawa hunaswa. Mwaka 1985 huko Vancouver, Kanada, watu kadhaa waliugua kwa sababu ya vitunguu saumu vilivyokatwa na kuwekwa katika mafuta.

Dalili huanza mara nyingi baada ya saa 12 hadi 36. Mgonjwa huona vitu viwili viwili, kope zinaanguka, kinywa kinakauka, ulimi unakuwa mzito na kumeza kunamshinda. Kisha udhaifu hushuka kutoka usoni hadi mikononi na kifuani, mpaka kupumua kunakuwa shida. Hana homa, na akili yake iko timamu. Watu hudhani ni kiharusi au amerogwa. Kiharusi kwa kawaida hushika upande mmoja, huu hushika pande zote mbili. Mpeleke hospitali bila kuchelewa, na mwambie mganga mgonjwa alikula nini na nani wengine walikula naye. Ukiwa na mabaki ya chakula, yafunge uyabebe.

Dhana nyingine ya hatari ni kwamba chupa mbaya hunuka. Si lazima! Mfuniko uliovimba, povu, au mafuta yanayoruka unapofungua ni ishara ya kutupa mara moja. Lakini chupa yenye sumu inaweza kuonekana nzuri na kunukia vizuri. Usionje "kidogo tu". Basi bilinganya, uyoga, pilipili hoho na vitunguu saumu ndani ya mafuta usivitengeneze kwa kuweka kabatini. Waitaliano wenye kufuata maelekezo huchemsha mboga kwanza katika siki na maji kwa kiasi sawa ili ziwe chachu, ndipo huzitia katika mafuta. Mimi nasema, mchanganyiko wa kitunguu saumu na mafuta utengenezwe leo na uliwe leo. Na mtoto aliye chini ya mwaka mmoja asipewe asali, kwa kuwa kijidudu hicho hicho huweza kuota tumboni mwake.

Chupa ya mama yule tuliifunga katika mifuko miwili ya nailoni bila kuifungua, tukaitumbukiza katika shimo refu la choo, tukanawa mikono kwa sabuni. Alisikitika, maana aliona mafuta mengi yanapotea. Nikamwambia yule mwanamke wa Italia angesikitika zaidi.

KULIPANGA KABATI

Jioni nilimsindikiza nyumbani kuona mahali atakapoviweka. Kabati lilikuwa zuri, lenye wavu wa kuzuia nzi, lakini katika rafu ya chini, kando ya unga, nilikuta chupa ya soda yenye dawa ya kuua wadudu wa mahindi. Wapendwa, hili ndilo linaloniamsha usiku kuliko vyakula vyote vya kigeni. Mtoto akiona chupa ya soda anaona soda. Dawa hiyo ikae ndani ya chombo chake chenye maandishi, chini ya kufuli, nje ya nyumba ya kupikia, pamoja na mafuta ya taa.

Baada ya hapo tulipanga. Vya zamani mbele, vipya nyuma, tarehe imeandikwa kwa kalamu juu ya kila kopo. Magunia juu ya chaga, yasiguse sakafu wala ukuta, na karanga au mahindi yenye ukungu hayachambuliwi kwa kupewa kuku, yanatupwa. Mwaka 2016 mikoa ya Dodoma na Manyara ilipoteza watu kwa sumukuvu.

Kisha akaniuliza angefanya nini tambi na nyanya zikiisha. Nikamwonyesha kwamba ana karibu kila kitu: maharage, dengu, nyanya za bustani, vitunguu, karoti, siki, mafuta ya alizeti, dagaa, karanga. Rosmari ilikuwa imeota kwenye ua wake akidhani ni ua la mapambo. Mrehani, ambao watu wa Pwani huufungia vikuba, ni ule ule ambao Waitaliano wa Genova huutwanga kwa mafuta, jibini na mbegu za msonobari. Korosho hufaa mahali pa mbegu hizo, nasi tulijaribu Jumapili iliyofuata. Watoto walikula tambi zote, wakauliza kama sahani ile ya kijani ni mchicha.

Swali lake la mwisho lilihusu vyombo vya kioo vya nyanya, kama vyaweza kutumika tena. Chupa yenyewe isiyo na ufa, ndiyo, ikioshwa na kuchemshwa. Mfuniko usirudiwe kwa kuhifadhia nyanya, kwa sababu mpira wake ukishabanwa mara moja haubani tena vizuri. Utumie kufunikia chumvi.